Kifungu cha Tisa na Maziwa ya Bi Subira

Mimi sikuwa mjumbe wa kamati ya madrasa. Naliweka hilo wazi mapema, maana wakati ule watu wa mtaa wetu wa Majengo walinilaumu kwa kila barua iliyotoka, utadhani mashine ya chapa ndiyo iliyokuwa ikifikiri. Nilikuwa karani wa taipu katika ofisi ya chama cha kahawa pale Nyeri mjini, mwanamke wa miaka thelathini na miwili asiye na mume. Kwa kuwa hakuna mwanamume hata mmoja katika kamati aliyeweza kuandika mstari ulionyooka, walinipa kazi ya ukatibu bila kunipa ukatibu wenyewe. Nilikaa nyuma ya pazia la magunia ya unga yaliyoshonwa pamoja, daftari magotini, nikiandika walichosema. Nikikohoa, waliniuliza kama nasikia baridi. Nikitaka kusema neno, pia waliniuliza kama nasikia baridi.

Mwenyekiti wetu alikuwa Haji Salim, mwenye duka la vitambaa. Alikuwa mtu mkarimu, ukweli usemwe. Kila Idi alimpelekea Bi Subira, yule bibi wa mahamri, doti ya kanga na kilo mbili za sukari, na mabati yote ya paa la madrasa yalitoka mfukoni mwake. Shida ya mabati yale ni kwamba kila yaliponyeshewa, Haji Salim alinyamaza katikati ya maneno ili sote tuyasikie.

Mwaka huo wa sabini na tatu, mwezi mmoja kabla ya Maulidi, alimfukuza kazi Mwalimu Rashid.

Ilikuwa hivi. Kila Maulidi, mtoto mmoja wa madrasa husoma peke yake mbele ya watu wote kabla ya watu kutoka kuzunguka mji wakipiga madufu. Wazazi huanza kuiwaza nafasi hiyo mtoto angali anatambaa. Mwalimu Rashid alikuwa amempa Mwanasiti, binti wa Watiri, mama muuza sukumawiki aliyesilimu alipoolewa. Mtoto yule alikuwa akisoma mpaka wapishi wanaacha vijiko. Mjukuu wa Haji Salim naye alisoma kama mtu anayeshuka ngazi gizani. Hilo sisi sote tulilijua, na babu yake alilijua, lakini kulijua jambo na kulisikia likitamkwa na mwalimu unayemlipa mshahara ni mambo mawili.

Barua ya kumfukuza ilisema "utovu wa adabu na kukosa kushauriana." Niliichapa mimi, nakala tatu, na nilipofika kwenye nukta ya mwisho niliibonyeza kwa hasira mpaka karatasi ikatoboka.

Rashid alikuwa amefundisha pale miaka kumi na mmoja. Nyumba aliyokaa na mkewe na watoto wanne ilikuwa ya madrasa, na barua ilimtaka aondoke mwisho wa mwezi. Alichokuwa nacho mbele yake ni kwenda Wang'uru kupima mchele kwenye ghala la shemeji yake. Alikuja kwangu na karatasi mkononi, kanzu imelowa mvua, akaniuliza kwa sauti ndogo, "Mwanaisha, kuna njia ya kukata rufaa?"

Njia ilikuwapo. Katiba ya madrasa, kifungu cha tisa, ilisema: "Asiyeridhika na uamuzi wa mwenyekiti atakata rufaa kwa mwenyekiti."

Basi akakata. Haji Salim aliipokea rufaa baada ya alasiri, na kabla ya magharibi majibu yalikuwa tayari. Aliniambia niandike: "Mwenyekiti ameyasoma kwa makini malalamiko dhidi ya mwenyekiti, na ameona kwamba mwenyekiti hakukosea." Niliuliza kama nisome tena ili asikie ilivyo. Akasema nisome. Nikasoma polepole. Akatikisa kichwa, akasema, "Iko sawa sawa."

Hata Majengo ina mahali inapokataa. Ijumaa iliyofuata wazee walimkalisha kitako baada ya sala. Wakamwambia kwamba watu wameanza kucheka, na wanaocheka zaidi ni wale wasio wa dini yetu, upande wa pili wa barabara. Haji Salim aliweza kuvumilia mengi, lakini si hilo. Akasema haki haimtishi, na ataandika kifungu cha tisa upya yeye mwenyewe.

Nacho kilikuwa kizuri. Nilikichapa kwa raha. Kilisema rufaa itasikilizwa na mtu mmoja mwadilifu, asiye ndugu wa upande wowote kwa damu, kwa ndoa, wala kwa kunyonya.

Nilipofika kwenye neno hilo la mwisho nilitabasamu nyuma ya pazia, maana niliona shabaha yake. "Kwa ndoa" ilimtoa naibu mwenyekiti, ambaye alikuwa baba mkwe wa Rashid. "Kwa kunyonya" ilimtoa imamu, ambaye alikuwa rafiki wa Rashid na ambaye, kama kila mtu alivyojua, alinyonya pamoja na Rashid kwa Bi Subira. Watu wawili waliokuwa na moyo wa kumtetea mwalimu walikuwa wametolewa nje kwa mstari mmoja, tena kwa sheria ya dini ambayo hakuna wa kuipinga. Waliokunywa maziwa ya mwanamke mmoja wakiwa wachanga, mara tano za kushiba au zaidi, ni ndugu, hawaoani wala hawakanani. Haji Salim alijisikia mwerevu sana siku ile. Alinunulia kamati nzima chai.

Kosa lake ni kwamba alikuwa amesahau Majengo ni mahali gani.

Bi Subira alikuwa na miaka sabini na kitu, akikaanga mahamri karibu na lango la msikiti. Zamani, mama yeyote aliyekufa, aliyelazwa, au aliyekwenda kuchuma kahawa akachelewa, mtoto wake aliishia mikononi mwa Bi Subira. Yeye mwenyewe alizaa sita na hakubaki hata mmoja. Tulilijua jambo hilo, tukalizoea, na sidhani kama kuna aliyewahi kukaa chini akalifikiri.

Sasa kila jina lililopendekezwa lilibidi lipelekwe kwake lithibitishwe. Wanaume waliona haya kuuliza habari za matiti, kwa hiyo walinituma mimi na orodha.

"Fundi saa," nikasoma.

"Miezi mitatu. Tena aliniuma." Aligeuza andazi kwenye mafuta.

"Mwenye bucha?"

"Mara sita. Baba yake alinilipa maini."

"Kingori msaga unga, wa posho mill?"

"Huyo mara mbili tu, si kitu. Lakini si ameoa binti wa mwenye bucha?"

Nikamkata Kingori kwa kalamu. Nilimaliza majina kumi na manane, na kumi na manane yote yakaanguka. Niliporudi kutoa ripoti, kamati ilikuwa ikitazamana kwa namna mpya. Watu wawili waliokuwa na kesi ya mpaka tangu mwaka wa sitini na tisa walikuwa wamegundua kwamba wananyimana ardhi kindugu.

Haji Salim akasema kama ni hivyo tutatoka nje ya mji na nje ya dini. Alimfuata Mutahi, mwalimu mkuu wa shule ya msingi upande wa Tetu, mzee wa kanisa, mtu anayeheshimiwa mpaka Kerugoya. Mutahi alikuja Jumamosi na tai shingoni, akakalishwa kiti cha mbele, na Bi Subira akaitwa kwa ajili ya kukamilisha utaratibu tu. Aliingia na unga mikononi, akasimama mbele yake.

"Wewe ni wa Wangechi? Aliyelazwa hospitali miezi miwili, mbavu zinamuuma?"

"Eeh, huyo ni mama yangu," Mutahi akasema. "Hata mimi nilizaliwa hiyo wakati."

"Najua. Ulikuwa na ulafi."

Mutahi alitutazama mmoja mmoja, kama mtu aliyepewa nguo isiyo yake. "Ati mimi nilinyonya hapa Majengo? Mama hakuniambia hii maneno hata siku moja."

"Angekuambiaje? Mchungaji angesemaje?"

Mutahi alilegeza tai. Akauliza, "Na hawa wengine wote, ni ndugu zangu?"

Bi Subira alizungusha macho barazani. "Karibu wote," akasema. Haji Salim akakohoa. Ilikuwa zamu yangu kumuuliza kama anasikia baridi, lakini sikuthubutu.

Mutahi alisimama, akaanza kuwasalimia watu upya, mkono kwa mkono, akimaliza mmoja anakwenda kwa mwingine. Hakuwa msikilizaji wa rufaa tena, lakini Jumamosi iliyofuata alileta kabichi gunia zima, akamkabidhi Bi Subira na kumwambia, "Mama, kwetu shamba iko na kabichi mingi, usinunue tena." Nilimwona Bi Subira akifuta macho na upande wa kanga. Akadai ni moshi.

Siku zilikuwa zinakwisha. Mke wa Rashid alikuwa amekwisha kufunga vyombo ndani ya makarai, na watoto walikula kwenye sahani mbili zilizobaki nje. Kila nilipopita pale nilipita haraka, maana barua ile niliichapa kwa mikono hii.

Ndipo mtu akamkumbuka Huseni wa Doldol. Alikuwa mfanyabiashara wa mbuzi aliyesoma fikihi, yaani sheria za dini, ujanani, akaiacha kwa sababu mbuzi hawabishani. Alizaliwa huko kaskazini, mama yake hakuwahi kuondoka huko, hakuoa upande wetu. Alifika Jumapili asubuhi, siku tano kabla ya mwisho wa mwezi, na harufu ya zizi ikafika kabla yake. Bi Subira alimtazama juu mpaka chini.

"Huyu simjui," akasema. "Na kwa ndevu zile, Alhamdulillahi."

Tukashukuru sote. Madrasa ilijaa, wanaume mbele, wanawake tumebanana nyuma ya pazia. Haji Salim alieleza kesi yake vizuri, na mvua ilipoanza alinyamaza kidogo kama kawaida. Rashid alieleza yake kwa maneno machache. Alisema hakukataa kumsomesha mjukuu wa mwenyekiti, ila mtoto bado hajaiva, na kama angempa nafasi ile angeaibika mtoto, si babu. "Nimefundisha watoto wa watu hawa miaka kumi na mmoja," akasema. "Sijui kazi nyingine." Sauti yake ilikatika hapo, na kalamu yangu ilisimama.

Huseni alikuna kidevu. "Kabla sijasema neno," akasema, "naomba nihakikishe kwamba kifungu kimetimizwa. Bibi, una la kuongeza?"

Bi Subira alikuwa amekaa karibu na mlango, bakuli lake la mahamri limefunikwa miguuni.

"Mimi sikusoma," akasema. "Nauliza tu. Mmesema ndugu hawezi kumsikiliza ndugu yake. Sasa Salim alimfukuzaje Rashid?"

Mimi niliandika swali lile neno kwa neno, nikapiga mstari chini yake.

"Bi Subira," Haji Salim akasema. "Wewe ulipoulizwa majina, hukusema."

"Niliulizwa majina ya kwenye karatasi. Lako halikuwamo."

Wengine tulitazamana. Waliokuwa na umri wa kukumbuka walikwisha kuzikwa. Lakini shangazi mmoja pale nyuma ya pazia alininong'oneza kwamba zamani, kabla Salim hajafungua duka na kwenda Makka, alikuwa akimwita yule bibi Mama. Baada ya hapo akawa anamwita Bi Subira kama sisi wengine, na kumtumia kanga kwa mkono wa mtu.

Huseni aliinua kiganja. Uso wake ulikuwa wa mtu anayetamani angebaki na mbuzi wake. "Nitasema sheria ilivyo," akasema. "Katika jambo la kunyonya, ushahidi wa mwanamke mmoja hautoshi. Wanatakiwa wanne. Au akiri mwenyewe. Haji, wewe huna lazima ya kusema kitu. Ukinyamaza, hakuna undugu mbele yangu, uamuzi wako unasimama, nami nitaendelea na kesi."

Basi njia ilikuwa imefunguka mbele ya Haji Salim, pana na halali. Hakutakiwa kusema uongo. Alitakiwa kunyamaza tu, na kunyamaza alikujua sana, tulikuwa tumemsikia mara nyingi chini ya mabati yake.

Alinyamaza.

Bi Subira alingoja kidogo. Kisha akaanza kukusanya bakuli lake. Hakukasirika, na hilo ndilo lililonichoma. "Ni kweli, mashahidi sina," akasema, kama anayejisemea mwenyewe. "Alikuwako mwanangu Athumani. Alikaa siku nane. Siku ya tisa wakaniletea wewe, Salim, mama yako amekufa usiku wa kukuzaa. Ulikuwa umechoka kulia. Maziwa yale yalikuwa ya Athumani, nikaona yasimwagike. Miezi minane. Basi, nina mahamri ya kuuza."

Akasimama kwa kushika ukuta. Alikuwa amefika mlangoni Haji Salim alipoinuka. Alipita katikati ya watu akikanyaga vidole vyao, akamshika bibi yule kiwiko.

"Mama," akasema. "Kaa. Mvua inanyesha."

Bi Subira akakaa. Haji Salim alibaki amesimama pale, mtu mzima wa miaka hamsini, kofia imeteleza upande, machozi yakishuka ndevuni na hayafuti. Halafu akageukia pazia la magunia.

"Mwanaisha, andika. Mimi ni mtoto wake. Na Rashid ni ndugu yangu, na sikuwa na haki ya kumhukumu."

Nikaandika. Ukurasa ule hadi leo una madoa, na si ya mvua.

Huseni alitangaza kwamba uamuzi wa kwanza ulitolewa na ndugu wa mshtakiwa, kwa hiyo haupo, na kisichokuwapo hakikatiwi rufaa. Kama kamati inataka kumshtaki Mwalimu Rashid upya, itafute mwamuzi asiye ndugu wa mtu. Akauliza kama kuna chai. Jioni hiyo hiyo mke wa Rashid alifungua makarai, na sauti ya masufuria yakitolewa ilisikika mpaka barabarani.

Maulidi ikafika. Mwanasiti alisoma, na mama yake Watiri alisimama nje ya uzio na kikapu chake cha sukumawiki, akimwambia kila anayepita, "Huyo ni yangu. Sikiza." Mjukuu wa Haji Salim alipewa kushika mwavuli juu ya kichwa cha Bi Subira, aliyekalishwa kiti cha mbele, na kazi hiyo aliifanya vizuri sana. Kesi ya Rashid bado inangoja mwamuzi. Miaka imepita, na yeye angali anafundisha.

Mimi nilibaki na jambo moja. Siku chache baada ya Maulidi nilikwenda kununua mahamri, nikamuuliza Bi Subira kama kwa mzaha, "Na mimi je? Mimi nilinyonya miezi mingapi?"

Alinitazama kwa muda. "Wewe? Mara nne."

"Nne tu?"

"Nilikuwa nimekwisha kukufungulia ya tano, mama yako akatoka kazini mapema, akakuchukua. Maziwa yangu yalikuwa ya mwisho mwisho, hata nilisikitika."

Nikafanya hesabu pale pale, nimesimama na andazi la moto mkononi. Wazazi wangu walihamia mji huu peke yao, na wamekwisha kufariki. Sina kaka, sina dada, sina mume. Maziwa, mara nne. Katika Majengo nzima, kati ya watu wazima wote, mtu mmoja tu alikidhi kifungu cha tisa kwa kila neno lake, na mtu huyo alikuwa amekaa nyuma ya gunia la unga mwezi mzima, akiulizwa kama anasikia baridi, wakati wanaume wakiwaza mpaka Doldol.

Nilicheka kwanza. Nilicheka mpaka watu wakageuka. Kisha kicheko kikaniishia ghafla, nikaona uchungu ambao sikuutegemea, kwamba mji wote ni ndugu na mimi nimeukosa undugu huo kwa mara moja tu. Ningempa yeyote uadilifu wangu wote aninunulie ile ya tano.

Bi Subira aliona. Alichukua andazi jingine, lile kubwa, akalipuliza lipoe, akanipa. Nilipotaka kulipa alinisukuma mkono.

"Ahsante, Mama," nikasema.

Hakunisahihisha. Aliendelea kukaanga, nami nikala nikiwa nimesimama pale karibu yake mpaka nikashiba, nikaihesabu kuwa ile ya tano. Kwa hiyo kamati ikihitaji tena mtu asiye ndugu wa mtu yeyote, isinitafute mimi.